Giza Lenye Mchanga

Mama aliutengeneza mwezi kwa chujio la chai. Alilishika shubiri moja juu ya karatasi, akaligonga ukingoni kwa kidole kimoja, taratibu, kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba yenye mgonjwa. Mchanga mweusi, uliochekechwa mpaka ukawa laini kama unga, ukashuka juu ya gundi mbichi. Kisha akaiinua karatasi, akaipuliza kwa pumzi ndefu, na mchanga uliokosa pa kushika ukaruka ukatua mapajani mwake. Uliobaki ulikuwa giza la mwezi mwandamo, duara zima, limejaa mpaka ukingoni.

"Unauonaje?" akaniuliza, akiugeuzia upande wangu.

Nikauona mzuri. Sote tuliuona. Hilo ndilo lililotuponza, kwamba tuliuona.

Karakana yetu ilitengeneza vitabu vya wasioona. Ilikuwa chumba kirefu nyuma ya ghala la karatasi, chenye madirisha ya juu yaliyogoma kufunguka na meza moja iliyotoka ukuta hadi ukuta, imebanduka rangi pale ambapo viwiko vya watu vilizoea kukaa. Kichwani mwa meza alikaa Mzee Vidole na mashine yake ya nukta nundu, tak, tak, tak, kutwa nzima. Yeye alizaliwa haoni, na ndiye aliyeandika na kuhakiki kila neno lililotoka pale. Katikati alikaa mama na picha zake. Mimi nilikaa mwisho, karibu na mlango, na sindano yangu na uzi wa nta, nikishona kurasa ziwe kitabu.

Kumtengenezea picha mtu asiyeona ni kazi ya ajabu ukiifikiria, lakini pale hakuna aliyeifikiria, ilifanywa tu. Mama alichukua picha ya wino, akainakili kwenye karatasi ngumu, mistari akaigandishia uzi, na sehemu zilizopakwa weusi akazitia gundi na kuzimwagia mchanga. Msimamizi alikuwa na sheria moja ambayo alimpa kila mfanyakazi mpya kabla hata ya kumwonyesha choo kilipo: penye wino, mchanga, penye weupe, usiguse. Sheria hiyo ilitufaa kwa jani la mhindi, kwa mifupa ya mkono, kwa ramani za mito. Ukurasa wa kwanza uliotengenezwa hivyo tuliuita mama. Uliingizwa kwenye mashine ya joto, juu yake ikatandazwa karatasi nyembamba ya plastiki, na mashine ikailainisha na kuinyonya mpaka ikashika kila tuta na kila bonde. Nakala hizo tuliziita watoto. Watu wa karakana walikuwa na mizaha yao kuhusu mama na watoto, na mingine si ya kuandikwa.

Mdogo wangu ndiye aliyekuwa sababu ya mama kufanya kazi pale. Homa ilichukua macho yake kabla hajajua kutembea. Alipofikia umri wa kuanza shule mimi nilikuwa namaliza darasa la saba, na shule yake ilikuwa upande mmoja wa mji, na sekondari niliyopangiwa ilikuwa upande wa pili, na mtu hawezi kwenda pande mbili asubuhi moja. Baba tulikuwa tumeshamzika. Nilikaa na jambo hilo kooni siku kadhaa, kisha nikalimeza. Nilijiambia kwamba atakachosoma yeye nitakisikia na mimi. Nikawa namshika mkono asubuhi, namrudisha mchana, na baada ya hapo tunakwenda wote karakanani, mimi kwenye sindano yangu, yeye sakafuni chini ya meza, mgongo ameuegemeza kwenye miguu ya mama.

Kitabu cha mwezi kilikuja kwenye sanduku la vitabu vya msaada. Hakikuwa na jalada, na kurasa zake za mwanzo zilikuwa zimeliwa na panya. Nilikisoma kwa sauti wakati wa chakula cha mchana, nikipapasa maneno makubwa kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga jiwe hadi jiwe: obiti, kani ya mvutano, kipenyo. Nikasoma kwamba mwezi hauna mwanga wake wenyewe; ni tufe la mawe na vumbi linalomulikwa na jua. Nikasoma kwamba kule hakuna upepo wala mvua, na nyayo za watu waliowahi kuukanyaga ziko palepale zilipoachwa, hakuna wa kuzifuta. Kisha sauti ikatoka chini ya meza.

"Dada, rudia hapo pa nyayo."

Nilirudia, na nikarudia tena, mpaka chai ya Mzee Vidole ikapoa, maana na yeye alikuwa amesahau kuinywa.

Mama akamwendea msimamizi kumwomba kitabu kile kifanywe cha kugusa. Msimamizi akasema hakuna shule iliyoagiza mwezi. Shule zinaagiza hesabu. Basi tukakifanya wenyewe, saa za kula, kwa karatasi zilizokatwa vibaya ambazo zingetupwa. Mimi nilisoma, Mzee Vidole akagonga nukta, mama akashika picha. Lakini ukurasa alioupenda mama kuliko zote ulikuwa ule wa mwezi unavyokua. Kwenye kitabu cha wino palikuwa na maduara yaliyopangwa mstari mmoja: la kwanza, la mwezi mwandamo usioonekana bado, jeusi tii, la pili jeusi lenye ukucha wa weupe pembeni, la tatu nusu kwa nusu, mpaka la mwisho, ambalo lilikuwa jeupe, mstari tu umelizunguka. Mama akafuata sheria. Na kwa kuwa mchanga wetu ulikuwa mweusi, ukiusimamisha ukurasa ule ukautazama, ulikuwa mwezi hasa, unatoka gizani mpaka unapevuka. Msimamizi aliupita, akarudi, akasema kwa shingo upande kwamba umetoka vizuri. Mzee Vidole akapitisha vidole kwenye majina yaliyokuwa chini ya kila duara, akasema maneno hayana kosa.

Maneno hayakuwa na kosa.

Kitabu kilitoka kimoja tu, cha mdogo wangu, na alikua nacho. Wengine hulala na mdoli. Yeye alilala na mwezi. Aliyajua yote kwa moyo, umbali, joto, majina ya mabonde yasiyo na maji. Majirani wakambatiza Mnajimu. Mama mmoja muuza mkaa alikuwa kila akimwona anamuuliza, Mnajimu, mimi nitaolewa lini tena? Na yeye anajibu bila kucheka kwamba yeye anashughulika na mawe, habari za waume zikaulizwe kwa wenyewe. Alikuwa na ulimi. Mzee Vidole alisema mtoto yule amenyimwa macho akapewa maneno ya watu wawili.

Jioni moja tulikuwa tunafunga karakana, mama anafagia mchanga wake, mimi nasokota uzi. Mdogo wangu alikuwa amekifungua kitabu chake mapajani. Akasema, kama anayejisemea, kwamba mwezi mpevu ni kama dirisha lililofunguliwa. Giza lote limeshaondolewa, kidole kinapita tu. Mama akacheka kwa furaha, akaniambia umesikia mdogo wako anavyosema? Nikasema nimesikia. Yalikuwa maneno mazuri, na maneno mazuri mtu huyaacha yapite bila kuyauliza yanatoka wapi.

Miaka ikaenda. Akamaliza darasa la saba akiwa wa mbele kabisa, mbele ya wanaoona. Na hapo ndipo habari za shule moja zilipotufikia. Ilikuwa shule ya bweni yenye maabara, na kila mwaka iliweka nafasi moja kwa mtoto asiyeona anayetaka kusoma sayansi. Nafasi moja. Aliyeikosa alikwenda chuo cha kazi za mikono, kufuma mazulia na kutengeneza brashi za kusugulia sakafu, na huko hakuna aliyewahi kutoka akarudi darasani. Sote tulilijua hilo. Mdogo wangu alilijua zaidi ya sisi. Wiki za mwisho hakula vizuri, na usingizini alikuwa anataja namba.

Siku ya usaili mama hakupata ruhusa. Alitusindikiza mpaka mlangoni mwa karakana, akamfuta mdogo wangu vumbi ambalo halikuwepo mabegani.

"Wakikuuliza habari za mwezi," akamwambia, "jua umeshapita."

Aliyemfanyia usaili alikuwa mwalimu wa sayansi, mwanamke wa makamo mwenye miwani iliyofungwa kamba. Hakuwa mtu mbaya. Nalisema hili kwa sababu kwa muda mrefu nilitamani angekuwa mbaya. Aliniambia walezi wanasubiri nje, na hawatakiwi kusaidia kwa neno wala kwa kikohozi. Nikakaa kwenye benchi la ukumbini. Mlango ulikuwa umeachwa wazi kidogo kwa ajili ya hewa. Nilichokiona kilikuwa kisogo cha mdogo wangu, misuko yake niliyoisuka mwenyewe, na ng'ambo yake uso wa mwalimu. Meza yenyewe sikuiona.

Nikautazama ule uso. Mwanzo ulikuwa uso wa mtu aliye kazini. Mdogo wangu alipoanza kueleza kwa nini mwezi hauna upepo, ule uso ukalainika. Alipofika kwenye mvutano na maji ya bahari kupwa na kujaa, mwalimu aliivua miwani, akaegemea mbele. Niliuona mlango wa ile shule ukimfungukia, naapa niliuona. Nikaanza kuwaza sanduku la bweni tutalipata wapi.

Kisha mwalimu akavuta droo, akatoa kitu, akakimwaga mezani. Nikasikia sauti ya kadi ngumu. Akamwambia azipange, kuanzia mwezi mwandamo mpaka mpevu. Misuko ikainama. Kadi zikasogea, moja, nyingine, haraka, bila kusita, maana huo ndio ulikuwa ukurasa wake wa tangu utotoni. Mwalimu akaangalia meza. Uso wake ukajifunga polepole, kama duka linalofungwa wakati mteja bado yuko njiani.

Akauliza kama ana hakika. Mdogo wangu akasema ana hakika. Akaambiwa aonyeshe mwezi mpevu ni upi. Akaonyesha. Akaambiwa afikiri tena, pole pole, hakuna haraka. Nikamsikia akisema, kwa ile sauti yake ya kumwelewesha mtu mzima, kwamba huu wenye kitu ndio giza, giza ndilo lenye mchanga.

"Mwanangu," mwalimu akasema, kwa upole kabisa, "giza halishikiki."

Yule aliyepewa maneno ya watu wawili hakujibu kitu. Nikasikia viganja vyake vikitua mezani, na kalamu ya mwalimu ikaandika.

Wakati wa kutoka mwalimu alinivuta pembeni. Akaniambia dada mtu, huyu mtoto ana kumbukumbu ambayo sijawahi kuiona, na wewe hongera, inaonekana umemsomea sana. Lakini kukariri si kuelewa. Anayasema yote, na ukimpa kitu mkononi anakipanga kinyume, mwanzo mwisho. Hapa wanataka anayeelewa. Nilisema asante. Sijui kwa nini watu kama sisi huwa tunasema asante.

Tulirudi kwa miguu. Alikuwa ameshika kiwiko changu, na mkono wake ulikuwa wa baridi wakati jua lilikuwa kali. Tulipita kwenye gereji, tukapita kwenye ukuta mrefu wa kiwanda, mpaka kelele za magari zikabaki nyuma.

"Mwandamo si ule uliojaa mchanga?" akaniuliza.

Nikainua macho. Haikuwa kwa kufikiri. Shingo iliinuka yenyewe. Juu ya ukuta wa kiwanda, mchana ule, nusu mwezi ulikuwa umetoka, umepauka kama alama ya chaki iliyofutwa vibaya. Nusu ile nyeupe ilikuwepo. Nusu nyingine haikuwepo. Palikuwa na anga tu. Nikasimama, na yeye akasimama. Miaka yote ile yeye alikuwa anaigusa nusu isiyokuwepo. Kwake giza lilikuwa na chembe, lilikuwa na ukingo, mama alilipuliza na kulikausha juani. Mwanga ndio ulikuwa pale ambapo kidole hakikuti kitu.

Nikamuuliza zile kadi zao zilikuwaje. Akasema kama zetu, nyingine zimejaa, nyingine laini. Akasubiri. Alikuwa ananisikiliza ninavyopumua. Watu wasioona huwezi kuwadanganya kwa uso, na mimi pumzi yangu ilikuwa imeshasema.

"Wenzetu wanaweka mchanga wapi?"

"Kwenye mwanga," nikasema.

Aliitikia kwa kichwa kidogo, kama mtu aliyeelekezwa njia. Tukatembea. Tulipofika kona ya nyumbani akakivuta kiwiko changu.

"Usimwambie mama."

Kesho yake nilikwenda peke yangu. Nilikibeba kitabu ndani ya kanga, nikasubiri lango lifunguliwe, nikamsubiri mwalimu atoke darasani. Nikauweka ule ukurasa mbele yake. Nilimwomba afumbe macho. Alifumba, akapitisha vidole, na nikaona vikifika kwenye duara la kwanza vikisimama. Akarudi nyuma, akaanza upya. Alipofumbua macho hakunitazama mara moja.

"Angenieleza hivi jana," akasema.

"Alikueleza."

Akaivua miwani, akaifuta kwa ncha ya gauni, akaivaa tena. Akasema jina limeshapelekwa. Kuna mtoto mwingine, wa mbali, tangu asubuhi ameshaambiwa, na mama yake alilia kwenye simu. Akaniuliza, mimi nimwambie nini yule? Hakuuliza kwa jeuri. Aliuliza kama mtu anayetaka kweli nimsaidie jibu. Na mimi nilimfikiria yule mtoto, na mikono yake, na mtu aliyemsomea. Nikakifunga kitabu ndani ya kanga. Akanisindikiza mpaka langoni, na hilo ndilo alilokuwa na uwezo wa kulifanya.

Mama tulimwambia nafasi imekwenda kwa mwingine. Akafoka jioni nzima, akasema watu wa shule zile wanachagua kwa kujuana, akasema mtoto aliyejibu mwezi atakosaje. Walikuuliza mwezi au hawakukuuliza? Mdogo wangu akasema waliuliza, na alijibu. Basi unaona, mama akasema, akatugeukia sote kama tulikuwa tunabishana naye. Unaona. Hawakutaka tu. Mdogo wangu akasema ndiyo mama, hawakutaka tu.

Akaenda chuo cha brashi. Alirudi nyumbani mwisho wa juma akinuka katani na gundi ya moto. Muuza mkaa alimwita Mnajimu njiani, na yeye akapita kama aliyeitwa ni mtu mwingine. Nilijaribu kumsomea. Nilipata gazeti lenye habari ya chombo kilichotumwa sayari ya mbali, nikaanza, akanisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, kama mtu anavyomsikiliza mgeni. Akasema asante dada. Sikujaribu tena.

Kisha siku moja msimamizi akaingia karakanani anasugua viganja. Shule za wasioona zilikuwa zimeagiza kitabu, na si hesabu. Zilitaka sayansi ya anga: jua, sayari, mwezi. Nakala nyingi, kwa shule zote. Akamwambia mama, yule aliyekataliwa siku zile, kwamba ile kazi yake ya mwezi ndiyo itakuwa mama wa nakala zote, haina haja ya kuanza upya. Mzee Vidole akapiga meza kwa furaha. Na mama yangu, ambaye tangu usaili alikuwa anafanya kazi ameinamisha kichwa, akaanza kuimba. Aliimba akichekecha mchanga, aliimba tukirudi nyumbani. Alikuwa anasema, watoto wote hao watausoma mwezi wa mkono wangu.

Usiku wa mwisho wa juma akamwambia mdogo wangu anahitaji kile kitabu. Akasema atakirudisha, hakitapata hata mkwaruzo. Mdogo wangu alikuwa anakunja nguo. Mikono yake ikasimama juu ya kanga. Niliona, na mama hakuona, maana alikuwa anatabasamu.

"Nitakileta mwenyewe," akasema.

Asubuhi tulikwenda watatu, kama zamani. Alijipapasia njia mpaka katikati ya meza, akakaa kwenye kiti cha mama, akafungua kitabu pale kilipokuwa kimezoea kufunguka. Akaomba kisu cha kubandulia gundi na sahani ya mchanga. Mama akampa, akidhani ni mchezo fulani wa kukiaga kitabu. Mdogo wangu akaweka ncha ya kisu kwenye ukingo wa duara la kwanza, akaanza kukwangua.

Mama akamshika mkono. "Unafanya nini?"

"Nahamisha mchanga."

"Unauhamishia wapi?"

"Kule." Akagusa duara la mwisho, lile tupu. "Wenzetu wanaweka kwenye mwanga, mama."

Mashine ya Mzee Vidole ilikuwa imenyamaza. Mama alisimama bado ameushika ule mkono wenye kisu. Akautazama ukurasa, kisha akafanya jambo ambalo kwa miaka yote ya kazi ile sikuwahi kumwona akilifanya. Akafumba macho, akaweka kidole kwenye duara la kwanza, akakipeleka polepole hadi la mwisho. Kilipofika pale hakikukuta kitu. Nilipomwona anafumbua macho nilijua kwamba ameshafika kwenye swali lake, na kwamba hatalizunguka.

"Na kule shuleni," akasema, "walikuuliza mwezi."

Mdogo wangu aliendelea kukwangua. Chembe zilimwagika mezani, sauti yake ndogo kama ya mtu anayetafuna kwa siri. Mama akauachia mkono wake.

Akatoka nje kwenye bomba. Kutoka kwenye kiti changu cha karibu na mlango nilimwona akinawa mikono. Mchanga uliisha, na bado aliendelea kunawa, vidole, viganja, mpaka viwiko, maji yanatiririka na hakuna anayemwambia afunge. Aliporudi alilichukua chujio la chai kutoka kwenye msumari wake, akanipa.

"Shika wewe," akasema, akaenda kukaa kwenye kiti changu, akatafuta tundu la sindano.

Mpaka leo ndivyo tulivyokaa. Yeye anashona, mimi nashika picha. Nakala zilitoka, watoto wengi mno, zikafungwa kwenye makasha, zikaenda. Msimamizi hakuuliza kwa nini ukurasa ulibadilishwa; mfanyakazi mpya akija bado anampa sheria yake, siku hizi anaongeza kwamba mwezi una mambo yake, amuulize huyu binti. Mzee Vidole hajawahi kulitaja. Ila wakati mwingine mashine yake inanyamaza katikati ya neno, na anakaa ameweka vidole juu ya nukta kama mtu anayepima mapigo ya moyo.

Nakala moja niliiweka kando, nikaishona mwenyewe kwa uzi mpya, nikampa mdogo wangu aliporudi kutoka chuoni. Ilikuwa mchana, mlango uko wazi, jua limeingia mpaka miguuni pake. Alikipokea kitabu kwa mikono miwili. Mikono yake ilikuwa imebadilika. Waya wa brashi na katani vilikuwa vimezikausha ncha za vidole, zikawa ngumu na kung'aa kama kisigino, na mwenyewe alikuwa ameniambia, bila kulalamika, kwamba siku hizi nukta zinaungana, neno zima linakuwa tuta moja.

Akafungua katikati. Akapapasa. Kidole kikapita juu ya majina kisiyasome, kikapanda kwenye duara la mwisho, ambalo kwenye ukurasa wa asili nililijaza mchanga mpaka ukingoni, mwanga mtupu. Hakikukaa. Kikarudi nyuma, duara moja moja, mpaka mwanzo wa mstari, pale ambapo siku hizi ni laini, pale ambapo mwezi haupo.

Hapo kikatulia. Akauinua uso kidogo, kama mtu aliyekaa dirishani.

"Umetoka vizuri, dada," akasema.

Nikasema asante.